Mtu Wangu wa Kupigwa

Mpira wa besiboli ni mgumu. Watu wakisikia neno mpira wanafikiria kitu cha kudunda, chenye upepo ndani. Huu hauna upepo. Ni uzi uliokazwa mpaka ukakauka, ukavikwa ngozi na kushonwa, na ukimpata mtu ubavuni mlio wake unausikia mpaka upande wa pili wa uwanja. Mie nimeusikia mara thelathini na moja kwenye mwili wa mwanamme mmoja, na mara zote hizo ni mie niliyemweka pale apigwe.

Mwanamme huyo ni shemegi yangu, mume wa dada yangu. Tulikuwa tukifanya kazi ghala moja la mizigo pale Hayes, Uingereza, karibu na uwanja wa ndege. Yeye alikuwa chini, akifunga maboksi. Mie nilikuwa juu, kwenye kiofisi chenye dirisha, karani wa kuandika nini kimeingia na nini kimetoka. Bosi wetu alikuwa Mmarekani aliyeukosa mchezo wa kwao mpaka ukamtia wazimu. Miaka ile ya themanini Waingereza wachache tu walikuwa wakicheza besiboli, wakikutana Jumapili kwenye viwanja vya bustani, na yeye akaamua na ghala letu liwe na timu. Alichukua aliowakuta: Makalasinga watatu madereva wa foklifti, Wajamaika, Mpolandi mmoja, Mwairishi mmoja pande la mtu, na mie.

Siku yangu ya kwanza kushika rungu, mpira ulinipiga pua. Damu ilinimwagika mpaka kifuani. Na bosi, badala ya kunipa kitambaa, akaruka huku anapiga makofi: "Umepata kituo! Kimbia, kimbia!" Mie mtu wa hasira, sifichi. Niliona ananicheka. Nilimwendea na rungu lile lile, na wallahi ningelimpasua kichwa kama Makalasinga wawili wasingelinidaka kwapani.

Baadaye, pua imeziba kwa pamba, akanieleza. Mchezo wenyewe hivi: mrushaji anarusha, mpigaji anajaribu kuupiga kwa rungu. Kuna vituo vinne, na cha nne kinaitwa nyumbani, pale pale ulipoanzia. Ukizunguka vyote ukarudi nyumbani, timu yako imepata pointi. Sasa, mrushaji akikugonga mwilini na mpira, hata kama hujafanya lolote, unapewa kituo cha kwanza bure.

"Bure?" nikamuuliza.

"Bure kabisa."

Loo! Hapo kitu kikanikaa kichwani. Kwetu kisiwani, mtaa wa Ng'ambo, tulipokuwa wadogo, dada yangu na wenziwe walikuwa wakicheza rede, na kwenye rede ukigongwa na mpira umekufa, unatoka nje, huna la kusema. Hawa wenzetu ukigongwa unapewa zawadi. Nilitembea na wazo hilo wiki nzima na pua yangu imevimba.

Kucheza sikuweza tena. Kila mpira ukija, macho yalifumba yenyewe. Bosi alinionea huruma, akanikabidhi daftari. "Wewe unajua kuandika vitu," akasema. "Andika nani anafanya nini. Halafu uniambie nani acheze." Miaka minane nilikuwa Uingereza, na hakuna mtu aliyewahi kuniuliza naonaje, hata kuhusu mvua. Nililipokea daftari lile kwa mikono miwili.

Wengine walichagua wachezaji kwa mabega. Mwairishi alikuwa na mabega kama mlango, akizungusha rungu upepo unakupiga usoni, kila mtu anamshangilia. Mie niliandika. Mara kumi akisimama, mara nane alirudi kwenye benchi akitukana. Mpolandi, kitambi kile, muoga wa kupiga, alikuwa akingoja tu mpaka mrushaji akosee, na mipira minne ikienda kombo mpigaji hupewa kituo. Mara kumi akisimama, mara tano yuko kituoni. Nikamwambia bosi: usitazame anafikaje, tazama anafika. Mtoe Mwairishi.

Alimtoa. Jumatatu, Mwairishi alinisubiri nyuma ya malori. Alinishika kola akanikita ngumi ya tumbo, chai yote niliyokunywa asubuhi ikatoka. Nilimng'ata mkono mpaka nikahisi mfupa. Tulibiringishana pale kwenye mafuta ya magari mpaka msimamizi akatumwagia ndoo ya maji. Nilimwambia bosi asimfukuze kwenye timu, abaki mtu wa akiba. Nilitaka kila Jumapili akae benchi, anione ninavyoandika.

Shemegi nilimleta kujaza nafasi tu. Mtu mpole, hasemi ila ameulizwa, na akisema hasemi mara mbili. Alisimama pale na rungu ameliegemeza begani, wala hajui kulishika. Mpira wa kwanza ukaja mbio, ukampata mkononi juu ya kiwiko. Pa! Benchi zima liliinama. Yeye hakusogea. Sisemi hakukwepa. Nasema hakupepesa hata jicho. Aliliweka rungu chini taratibu, akaenda zake kituo cha kwanza.

"Pole, shemegi!" nikampigia kelele.

"Nshapoa," akajibu bila ya kugeuka.

Wale wenzangu wakaniuliza nimesema nini. Kabla sijafungua mdomo, Mjamaika mmoja keshasimama juu ya benchi: "Pole! Pole!" Wakadhani ndio kushangilia, kama kusema hongera, safi sana. Nilicheka mpaka machozi. Ningewaambia siku ile ile ingekwisha. Sikuwaambia. Toka hapo kila shemegi akipigwa, benchi zima linaruka, mikono juu, "Poleee!" na Mwairishi ndiye mwenye sauti kubwa kuliko wote. Na shemegi, akienda zake kituoni, anajibu ile ile: "Nshapoa."

Mie sasa nikalifunua daftari ukurasa mpya. Nikamchorea shemegi mstari kwa ncha ya kiatu, karibu kabisa na pale mpira unapopita. "Simama hapa. Kiwiko kitoe nje kidogo. Ukija, uache uje." Warushaji walichanganyikiwa. Wakirusha karibu, wanampiga, kituo. Wakirusha mbali, mipira minne inakwenda kombo, kituo. Wengine wetu walijaribu kumuiga, hawakuweza, kwa sababu mwili wenyewe unaruka, hauombi ruhusa. Wa shemegi haukuruka. Nilimpanga wa kwanza, nyuma yake Mpolandi, na timu iliyokuwa ikichekwa ikaanza kuwatoa watu jasho.

Nilivimba kichwa. Niseme ukweli wangu. Ghalani watu wa ofisini walianza kunisalimia. Bosi aliniwekea kiti mezani kwake wakati wa chakula, nikimweleza nani apande na nani ashuke, na yeye anatikisa kichwa. Na katika daftari, mbele ya shemegi, nilikuwa na safu yake peke yake, yenye alama moja tu: K, ya kupigwa. Kila K nilikuwa naiandika kwa wino mwekundu.

Siku moja tulicheza na timu ya upande wa Tooting. Mrushaji wao alimpiga shemegi pajani, halafu mgongoni, na mara ya tatu akamlenga shingo makusudi, niliuona mkono wake. Sikumbuki nilivyotoka benchi. Nakumbuka rungu liko mkononi na muundi wa mtu umelia kama kijiti kikavu, na mtu mwingine amenikanyaga mkono, kidole hiki cha kati mpaka leo hakinyooki. Watu ishirini walikuwa wanapigana ngumi, mateke, vichwa, refa anapiga makelele hasikilizwi na mtu. Nilipokuwa chini, nikamuona shemegi katikati ya miguu ya watu. Alikuwa amesimama kituo cha kwanza, mikono chini, shingo imevimba, anatungoja tumalize.

Siku ile ile, alasiri, dada yangu alinipigia simu. "Njoo." Hakusalimia. Nikaenda. Nilimkuta jikoni kwake anakaanga sambusa, mwiko wa chuma mkononi, na mumewe yuko ukumbini anatazama televisheni.

"Njoo hapa baba," alimwita mumewe. "Mvulie shati ndugu yangu."

Shemegi akavua. Yarabi! Nilikuwa nimeziandika K zote zile na sikuwahi kuziona. Mbavu zilikuwa nyeusi, njano, na zambarau, zimepandana. Mahali pengine nyuzi za mpira zilikuwa zimejichora kwenye ngozi, unaweza kuhesabu mshono.

"Shemegi anachelewa kupona tu," nikasema. Upumbavu gani ule.

"Mie sijambo," akasema yeye, anavaa shati. Akatabasamu kidogo. "Hapa angalau nikipigwa napewa kituo." Akarudi kwenye televisheni yake.

Dada alifunga mlango. Alinishika kifundo cha mkono, akanibana ukutani, na ule mwiko wa moto ukawa karibu na shavu langu mpaka nikahisi joto la mafuta.

"Unajua kwa nini hajikingi?"

Sikujua. Wallahi sikujua. Nilijua tu kwamba baada ya Mapinduzi alichukuliwa yeye na baba yake, na kwamba yeye alirudi. Kila ukoo una habari zake za wakati ule, na watu hawaulizani.

"Alikuwa na miaka kumi na saba," dada alisema. Alisema kwa sauti ndogo ili isivuke mlango. "Walikuwa wakipangwa uani mwa jela kila asubuhi, wanapigwa. Yeye amewekwa mbele, baba yake nyuma yake. Akiinua mkono kujikinga, hapigwi tena yeye. Anapigwa baba. Akikwepa, anapigwa baba. Akifumba macho tu, baba. Miezi mitano. Unafahamu? Miezi mitano alijifunza kusimama kama vile, na wewe umemwona ukasema, aa, huyu atanifaa!"

Mafuta yalikuwa yanaungua, moshi umejaa.

"Hutompanga tena."

"Sitompanga."

"Apa."

"Wallahi sitompanga tena."

Aliniachia mkono, akazima jiko. Sambusa zote zilikuwa zimeungua.

Nilikaa na kiapo changu Jumapili tatu. Bosi aliniuliza, nikamwambia shemegi anaumwa. Mechi moja tulishinda, mbili tukapigwa vibaya, na kwa bahati tu tukaingia fainali kwa zile pointi za nyuma. Watu wa ofisini wakaacha kunisalimia. Siku ya fainali nilimwambia shemegi avae jezi aje akae benchi tu, timu ionekane imetimia. Nilisema hivyo. Nilijidanganya hivyo ndani ya basi njia nzima.

Mechi ilikwenda mpaka zamu yetu ya mwisho, tumelingana. Wetu wawili walikuwa wameshatolewa, akitolewa mmoja tena zamu imekwisha. Lakini kituo cha kwanza kilikuwa na mtu wetu, cha pili, na cha tatu. Vimejaa. Anayefahamu mchezo keshaona. Mpigaji akigongwa anapewa kituo cha kwanza, aliye cha kwanza anasukumwa cha pili, wa pili cha tatu, na wa tatu anaingia nyumbani. Pointi moja. Kombe. Na mrushaji wao, kijana mrefu, mbio sana, alikuwa ameshachoka na kuogopa, mipira yake inaruka hovyo.

Aliyefuata kupiga alikuwa Kalasinga mmoja. Nilimuita arudi. Nikamgeukia shemegi.

Alinitazama. "Dada yako je?"

"Mara hii moja tu."

"Ni wewe unayenituma?"

Aliniuliza hivyo hivyo, na macho yake yako juu yangu. Mpaka leo nalisikia swali lile. Nilikuwa na nafasi ya kusema hapana, kaa.

"Ni mie," nikasema.

"Haya."

Alichukua helmeti, akachukua rungu, akaenda kusimama pale pale nilipokuwa nimemfundisha. Mie nilitoka benchi nikasogea mpaka karibu na refa. Mpira wa kwanza ulipita juu. Wa pili ulikuja usoni. Niliuona unakuja, na najua na yeye aliuona, maana macho yake yalikuwa wazi. Helmeti inafunika kichwa na sikio. Haifuniki uso. Mlio haukuwa ule niliouzoea. Ulikuwa mlio wa kitu kilichopasuka.

Hakuanguka. Rungu lilimtoka mkononi, akayumba, akasimama. Upande wa kushoto wa uso wake ulikuwa si uso tena. Damu haikudondoka, ilimwagika. Nyuma yetu benchi lilikuwa halioni, kwa sababu alikuwa amelipa mgongo, na nikalisikia linaripuka: "Poleee! Poleee!"

Refa alikuwa mweupe kama karatasi. Akaniambia haraka haraka: pointi haihesabiwi mpaka mpigaji akanyage kituo cha kwanza. Kama hawezi, weka mtu badala yake.

Mwairishi alikuwa ameshafika ubavuni mwangu. Yeye alikuwa ameona. Alikuwa mtu wetu wa akiba, na hakuwa na kazi nyingine duniani ila hiyo. "Niache niende mimi," akasema. "Mkalishe chini yule, kwa jina la Mungu. Niache mimi."

Nikamtazama na nikaikumbuka ngumi ya nyuma ya malori. Nikamuona ananyanyua kombe langu, watu wanambeba, huyu niliyemtoa mie kwa daftari langu. Ilikuwa sekunde mbili, tatu. Mtu anaweza kuharibu mengi kwa sekunde tatu.

"Shemegi!" nikapiga kelele. "Nenda kituoni! Tembea!"

Akatembea. Kutoka pale mpaka kituo cha kwanza ni kama hatua thelathini na tano. Alizitembea zote, mikono chini, hakuinua hata mmoja kujifuta. Benchi likimfuata kwa makofi: "Pole! Pole! Pole!" Alipofika akaliweka guu lake juu ya ule mfuko mweupe wa kituo. Mfuko ukaanza kuwa mwekundu. Refa akainua mkono, tumeshinda, watu wakatoka benchi wakicheza ngoma. Ndipo shemegi akageuka, na waliokuwa mbele wakauona uso. Makelele yalikatika ghafla. Mjamaika mmoja alikuwa bado anasema "pole", taratibu, hajui afanye nini na lile neno. Shemegi akapiga magoti, halafu akalala.

Mwairishi ndiye aliyembeba mpaka kwenye gari, peke yake, kama anavyobebwa mtoto. Mie nilikaa nyuma nimemshikia taulo, na taulo likawa zito.

Jicho halikuokoka. Daktari alitueleza ukumbini hospitalini, mie na dada yangu, kwa sauti ya upole ile yao. Dada alimshukuru. Alisubiri daktari apotee kwenye kona, halafu akanigeukia. Kofi la kwanza lilinipata sawasawa. La pili nilinyanyua mikono, nikaufunika uso.

Alisita, mkono uko hewani.

"Ala! Umejikinga?" akasema. "Wewe unajua kujikinga?"

Akaushusha mkono. Ningefurahi angeliendelea. Angelinipiga mpaka nikaanguka ingekuwa nafuu kuliko alivyonitazama, halafu akaenda kukaa kiti cha mbali, akanipa mgongo. Muuguzi alikuja kuuliza kama kuna tatizo. Nikamwambia hakuna.

Waliniruhusu kumwona kesho yake, mchana. Nilikuja mikono mitupu. Daftari nilikuwa nimeliacha kwenye meza ya bosi, sikutaka hata kulishika. Shemegi alikuwa amelala chali, nusu ya kichwa ni bendeji, jicho la kulia liko wazi linatazama dari. Nilisimama pembeni ya kitanda. Katika basi nilikuwa nimepanga maneno mengi, ya kuomba radhi, ya kueleza. Yote yalinikimbia, likabaki lile moja.

"Pole, shemegi."

Nilingoja. Mara zote thelathini za kabla ya ile ya uso alikuwa akinijibu, hata ile ya shingo, hata uwanja mzima unapigana. Safari hii jicho lake lilibaki darini. Nikaona shuka limemteleza begani, nikainama, nikapeleka mkono nimfunike.

Mkono wake ukaruka. Haukuomba ruhusa. Uliruka juu, ukalifunika lile jicho moja lililobaki, kiwiko kimetoka nje kunizuia, na mwili wote umejikunyata upande wa ukuta. Nilibaki nimeinama, mkono wangu uko hewani juu ya shuka.

"Sijapoa," akasema nyuma ya kiganja.